Staringi Alishinda Kabla ya Gari: Filamu ya Kijapani Iliyopigwa Katika Tope la Afrika Mashariki

Mwezi Julai 1969 majumba ya sinema ya Japani yalianza kuonyesha filamu ya karibu saa tatu ambayo nusu ya uzito wake ulikuwa vumbi na tope la kwetu. Jina lake la Kijapani lina maana ya kilomita 5,000 za kuelekea kwenye utukufu; huko nje ilijulikana kama Safari 5000. Staringi wake ni dereva wa Kijapani anayezunguka dunia akitafuta mbio za kushinda, na mbio zinazomsumbua kuliko zote ni Safari ya Afrika Mashariki. Anakuja na Datsun Bluebird, anapigana na barabara, anapigana na rafiki yake Mfaransa ambaye pia ni mpinzani wake, na mwishowe anashinda.

Tatizo ni kalenda. Safari ya mwaka ule wa 1969 ilichukuliwa na Ford Taunus ya Robin Hillyar na Jock Aird. Datsun haikuwa imewahi kushika nafasi ya kwanza hata mara moja. Ilibidi isubiri hadi Pasaka ya 1970, na aliyeshika usukani siku hiyo hakuwa Mjapani bali Edgar Herrmann, Mjerumani aliyekuwa mkazi wa Kenya, akiwa na Hans Schüller. Kwa hiyo Wajapani waliusherehekea ushindi wao kwenye kitambaa cheupe miezi kadhaa kabla haujatokea barabarani. Sijui filamu nyingine ya michezo iliyofanya kiburi kama hicho na ikasalimika.

Msomaji wa Morogoro ana haki ya kuuliza hayo yanamhusu nini. Yanamhusu kwa sababu mbili. Kwanza, mbio zile zilikuwa za nchi tatu, yetu ikiwamo, na hazikuwa mali ya Nairobi peke yake kama watoto wa leo wanavyodhani. Pili, siri iliyozifanya ziogopwe duniani ni kitu ambacho mtu wa Kinole, Matombo au Mgeta anakijua tangu utotoni: masika.

Waandaaji walikuja kuzipanga mbio hizo wikiendi ya Pasaka kwa makusudi. Pasaka huangukia Machi au Aprili, na huo ndio wakati ambapo upande wa mashariki wa milima ya Uluguru, unaopokea zaidi ya milimita 2,000 za mvua kwa mwaka, hufunga njia. Maji ya Ruvu yanapanda. Udongo mwekundu wa kwenye miteremko unakuwa kama sabuni, na huko chini, kwenye tambarare ya Mkata, udongo mweusi unashika tairi na hauachi. Mkulima mwenye akili anasubiri mvua ikatike ndipo ashuke na ndizi zake mjini. Wenzetu wa Safari walisubiri mvua ianze ndipo wawashe magari.

Chanzo chake kilikuwa mzaha wa ndugu wawili. Eric Cecil, mpenzi wa mbio aliyeishi Kenya, alimwomba binamu yake Neil Vincent aje kushindana kwenye uwanja wa mbio wa Langalanga, karibu na Nakuru. Vincent akamjibu kwamba kuzunguka duara lilelile mchana kutwa kunachosha. Lakini kama kungekuwa na mbio za kuingia garini, kufunga mlango, kuvuka nusu ya Afrika na kurudi, na wa kwanza kufika ndiye mshindi, yeye angekuwamo. Mwaka 1953, kwa kisingizio cha kusherehekea kutawazwa kwa Malkia Elizabeth wa Pili, mbio hizo zikafanyika kweli, kuanzia tarehe 27 Mei hadi 1 Juni, zikipita Kenya, Uganda na Tanganyika. Mwaka 1960 jina la kutawazwa likatupwa, ikabaki Safari ya Afrika Mashariki.

Sharti lake la mwanzo ndilo lililovuta viwanda. Magari yalitakiwa yawe yaleyale yanayouzwa dukani, na yaligawanywa kwa bei na si kwa ukubwa wa injini. Maana yake gari lililofika salama lilikuwa tangazo ambalo fedha haiwezi kununua: hili ndilo unaloweza kwenda kulinunua kesho. Na kufika salama kulikuwa kazi. Mwaka 1963 magari 84 yaliondoka, yakarudi 7. Mwaka 1968 yaliondoka 93, na tena yakarudi 7. Makundi hayo mawili ya saba yanakumbukwa hadi leo kwa jina la wale wasiozama, na kwa miaka yote miwili mshindi alikuwa Nick Nowicki akiwa na Paddy Cliff kwenye Peugeot 404.

Mwaka uleule wa 1963 ndipo Nissan, kampuni inayotengeneza Datsun, ilipotia mguu hapa kwa mara ya kwanza, na ikaaibika. Magari yake hayakumaliza. Kampuni hiyo haikuwa ngeni kwa barabara mbaya. Mwaka 1958 ilikuwa imepeleka Datsun mbili ndogo kuizunguka Australia, kilomita zipatazo 16,000, na moja ikashinda katika daraja lake. Lakini Australia ilikuwa kavu. Masika ya Afrika Mashariki yaliwafundisha Wajapani somo jipya kuhusu springi, kuhusu chesisi inayopinda, kuhusu maji yanayoingia mahali ambapo mhandisi wa Yokohama hakuyatarajia.

Walifanya ambacho wengi hawakufanya: walirudi. Mwaka uliofuata, na mwaka uliofuata huo. Mwaka 1966 Bluebird ikashinda daraja lake na kushika nafasi ya tano kwa jumla, na huko Japani habari hiyo ikawa kubwa kiasi cha kuandikiwa kitabu. Kitabu hicho ndicho kilichozaa filamu.

Aliyeibeba filamu ni Ishihara Yujiro, na bila kumfahamu huyu hutaelewa kwa nini fedha nyingi vile zilimwagwa. Kwa Mjapani wa miaka ya 1950 na 1960, Ishihara alikuwa staringi wa mastaringi: mrefu, mwimbaji, mtundu, kipenzi cha vijana. Mwaka 1963 alianzisha kampuni yake mwenyewe ili asiwe mtumwa wa studio. Studio kubwa zilikuwa na makubaliano ya kutoazimana waigizaji, na alipotaka kuigiza pamoja na Mifune Toshiro, yule wa filamu za samurai za Kurosawa, walipigwa vita kali. Wakapenya hata hivyo, na mwaka 1968 wakatoa filamu kuhusu ujenzi wa bwawa la Kurobe iliyojaza watu kumbini. Safari 5000 ndiyo iliyofuata. Mifune yumo tena, safari hii akiwa mkubwa wa kampuni ya magari. Nakadai Tatsuya yumo. Asaoka Ruriko yumo. Kutoka Ufaransa waliletwa Emmanuelle Riva na Jean-Claude Drouot. Mwongozaji, Kurahara Koreyoshi, alikuwa Mjapani aliyezaliwa Borneo, na baadaye, mwaka 1983, angeipeleka kamera kwenye theluji ya Antaktika katika hadithi ya mbwa walioachwa huko. Mtu aliyependa mahali ambapo mitambo hugoma, naona.

Wajapani hawakuwa wa kwanza kuleta kamera kubwa huku. Wamarekani waliwatangulia: John Wayne alikuwa Tanganyika, upande wa Arusha, akikamata faru na twiga kwa ajili ya Hatari!, iliyotoka mwaka 1962. Ukizilinganisha filamu hizo mbili, ya Kijapani ina heshima moja zaidi. Ile ya Hollywood ilikuja kutafuta wanyama. Hii ilikuja kutafuta barabara, kitu kilichotengenezwa na kutumiwa na watu.

Lakini ndipo nilipo na ugomvi nayo. Katika hadithi yake, ujuzi unatoka ng'ambo. Dereva anatoka Japani, mpinzani anatoka Ufaransa, akili inatoka kiwandani, na Afrika Mashariki inatoa tope. Historia yenyewe inasema kinyume kabisa. Kwa miaka karibu 20 tangu kuanzishwa, hakuna dereva aliyetoka nje ya Afrika Mashariki aliyeweza kuishinda Safari. Walikuja mabingwa wa Ulaya waliozoea barafu na milima ya Alps, wakabaki kwenye mitaro. Walioshinda ni wakazi wa hapa, watu waliojua kwa kutazama rangi ya maji kwamba mto una mawe au una mchanga.

Mtazame Joginder Singh. Alizaliwa Kericho, akawa fundi wa magari kabla ya kuwa dereva maarufu. Mwaka 1965, akiwa na ndugu yake Jaswant, alichukua Volvo iliyokwisha kutumika, gari ambalo wengi wangeliona chakavu, akaanza wa kwanza na kumaliza wa kwanza. Alirudia ushindi mwaka 1974 na 1976, mara hizo kwa Mitsubishi Lancer. Fundi anayesikia injini ikilalamika kabla haijafa ana faida ambayo kiwanda hakiwezi kumpa mtu kwa barua.

Au mtazame wa upande wetu, ambaye Tanzania imemsahau kwa namna ya kushangaza. Bert Shankland alikuwa Mskoti wa kuzaliwa na mkazi wa Dar es Salaam, akifanya kazi na wauzaji wa Peugeot wa hapo. Pamoja na Chris Rothwell alishinda Safari ya 1966 kwa Peugeot 404, kisha akashinda tena ya 1967. Mara mbili mfululizo, kutoka Dar. Huo mwaka 1966 ambao Japani iliuandikia kitabu na kuutengenezea filamu kwa sababu ya nafasi ya tano, nafasi ya kwanza ilikuwa ya mtu wa Dar es Salaam, na sisi hatukuandika hata kijitabu.

Datsun wenyewe waliujua ukweli huu, hata kama filamu yao iliuficha. Ndiyo maana walipotaka ushindi mkubwa hawakumleta staringi kutoka Tokyo. Waliwapa funguo wakazi. Herrmann aliwashindia 1970, akawashindia tena 1971 kwa Datsun 240Z, ile ya michezo yenye pua ndefu. Nyuma yake mwaka huo wa pili alikuwa Shekhar Mehta, kijana mzaliwa wa Kampala. Mwaka 1972 Idi Amin akawafukuza Waasia wa Uganda, na Mehta akawa mkazi wa Kenya. Mwaka 1973 yeye na Harry Källström wa Sweden, wote ndani ya Datsun, walimaliza wakiwa wamelingana kwa alama za adhabu, na Mehta akapewa ushindi. Baadaye aliongeza mingine minne mfululizo, kuanzia 1979 hadi 1982, na wote ni kwa Datsun. Kama kuna mtu aliyestahili filamu ya saa tatu, ni huyo.

Mgeni wa kwanza kuvunja ngome alikuwa Hannu Mikkola wa Finland, kwa Ford Escort, mwaka 1972. Na mwaka huo una maana kwetu kwa sababu nyingine: Safari ilianzia Dar es Salaam. Kwa gari linalotoka Dar kwenda bara, hakuna hadithi ndefu. Utafika Chalinze, na Chalinze utachagua: kulia kwenda Segera na Korogwe, au mbele kuifuata Uluguru, milima inayoanza kuonekana kama wingu la buluu kabla hujafika Mikese. Miaka hiyohiyo lami ilikuwa inasukumwa kutoka Morogoro kupita Mikumi kwenda Iringa hadi Zambia, na barabara zilizokuwa za mbio zilianza kuwa za malori.

Mwisho wa upande wetu haukuwa na tarumbeta. Bei ya mafuta ilipanda mwishoni mwa 1973. Mwaka 1974 maneno Afrika Mashariki yakaondolewa kwenye jina, ikabaki Safari Rally tu, mali ya Kenya. Mwaka 1977 Jumuiya ya Afrika Mashariki ikavunjika na mpaka wetu na Kenya ukafungwa. Filamu ya Ishihara kwa hiyo, bila kukusudia, imehifadhi picha ya enzi fupi sana, ile ambayo mtu angeweza kupiga mbio katika nchi tatu kana kwamba ni uwanja mmoja. Na hata huko Japani haikuonekana kirahisi. Ishihara alitaka filamu zake kubwa zitazamwe kwenye kitambaa kikubwa, si kwenye runinga ya sebuleni, kwa hiyo haikutolewa kwenye kanda. Yeye alifariki mwaka 1987. Diski za kuuza zilitoka mwaka 2013.

Magari yalipoacha kuja kushindana, mashine za Kijapani hazikuondoka. Zilipunguza magurudumu tu.

Japani ilikuwa na historia yake ya mbio za pikipiki, na inafanana na ya Safari kwa jambo moja: ilianzia milimani, kwenye njia mbovu. Yamaha ilianzishwa Julai 1955, na mwezi huohuo pikipiki yake ya kwanza ikashinda mbio za kupanda mlima Fuji. Mwaka huo pia zilianza mbio za Asama, kwenye majivu ya volkano. Honda ilitangaza mwaka 1954 kwamba itakwenda kushindana kisiwa cha Man, karibu na Uingereza, ikafika 1959, ikashinda 1961. Mwaka 1963 Ito Fumio akaipa Yamaha ushindi wa Ubelgiji katika daraja la sentimita 250 za ujazo. Ni maisha ya Ito yaliyomchochea mwandishi Oyabu Haruhiko kuandika riwaya ndefu kuhusu dereva wa pikipiki mwenye sura nzuri na roho chafu, na mwaka 1982 Kadokawa Haruki akaigeuza kuwa filamu, mwigizaji akiwa Kusakari Masao na anayepiga kona za hatari kwa niaba yake akiwa Taira Tadahiko, mshindani wa kweli. Filamu nzuri ya lami safi. Hakuna tone la tope.

Tope lilikuwa huku. Pikipiki zilizotokana na ujuzi huo wa mbio, hizo Yamaha DT, Honda XL na ndugu zao, ziliingia vijijini si kwa ajili ya kombe bali kwa ajili ya bwana shamba, padri, mganga wa zahanati na mratibu elimu. Mtu aliyekulia Mgeta atakumbuka mlio wa injini ukisikika kutoka bonde la pili, na watu wakijua ni nani anakuja kabla hawajamwona. Njia ya Sangasanga kwenda Langali inapanda kutoka kwenye joto la bonde hadi kwenye ukungu wa kabichi na viazi, na kila kona ina upande mmoja wa ukuta na upande mmoja wa hewa. Lupanga, kilele kinachoitazama Morogoro mjini, kina urefu wa mita 2,138. Fuji ni mrefu zaidi, lakini Fuji hakuna anayeteremka na magunia mawili ya karoti na abiria.

Kisha zikaja za Kichina na za Kihindi, kwa bei ambayo kijana aliyevuna msimu mmoja mzuri angeweza kuifikiria. Boxer na TVS ndizo zilizotawala, na bodaboda ikawa ajira. Serikali nayo haikuiacha njia hiyo: mwaka 2022 iligawa maelfu ya pikipiki kwa maafisa ugani. Mjapani kama mfanyabiashara amesogezwa pembeni milimani. Kama mwalimu bado yupo, maana umbo la pikipiki hizo, injini ndogo ya silinda moja isiyohitaji makuu, ni somo lililoandikwa Hamamatsu.

Anayeziendesha sasa ndiye mrithi halisi wa Joginder na Shankland, na nasema hivyo bila kumpamba. Ana makosa yake: mishikaki ya abiria watatu, kofia ngumu iliyoning'inia kwenye usukani, mwendo wa kutisha akiona lami. Ajali zinajaza wodi, na hilo halina utetezi. Ila mfuate akipanda baada ya mvua. Anapunguza upepo wa tairi ya nyuma ili ishike. Anamshusha abiria kabla ya sehemu mbaya, si katikati yake. Haingii kwenye dimbwi asilolijua bila kutazama alama za aliyetangulia. Anateremka kwa gia, si kwa breki. Dereva wa Ulaya aliyekuja Safari mwaka 1968 angelipa fedha nyingi kufundishwa hayo manne.

Huko Naivasha, Safari ilirudi kwenye ubingwa wa dunia mwaka 2021, na Toyota ikashika nafasi ya kwanza na ya pili. Wa pili alikuwa Katsuta Takamoto, Mjapani wa kweli, asiye wa filamu. Sisi tuna mashindano yetu ya taifa, na Morogoro imekuwa mwenyeji wa baadhi ya raundi zake. Watu hujaa kando ya njia, vumbi likiwafunika, nao hawaondoki.

Kilichobaki ni kumbukumbu, na hapo ndipo tulipolala. Wajapani waliihifadhi nafasi ya tano. Sisi tulikuwa na mshindi wa mara mbili na mwanzo wa mbio jijini Dar es Salaam, na vyote viko kwenye albamu za watu binafsi, kwenye makabati ya gereji za zamani na kwenye vichwa vya wazee wanaozidi kupungua. Kama nyumbani kwenu kuna picha ya gari lenye namba ubavuni likiwa limezama tope mahali fulani kati ya Dar na Dodoma, usiitupe na usiiache iliwe na mchwa. Andika nyuma yake mwaka, mahali na jina la aliyepiga, kisha peleka nakala yake kwenye maktaba ya mkoa au Nyaraka za Taifa. Na wewe kijana wa kamera unayetafuta hadithi ya filamu yako ya kwanza, panda na bodaboda hadi Nyandira, huko Mgeta, mwezi wa nne.